Viatu vya Kumtembelea Mwanangu

Mama mwenzangu, mtoto akikuletea zawadi, muulize kaitoa wapi. Mimi sikuuliza.

Siku ya wageni gerezani, wafungwa walituimbia sisi wazazi rap walizotunga wenyewe. Mwalimu wao alimtaka kila mmoja aanze na kosa lake la kwanza. Mwanangu akashika maiki.

"Nilimpa mama viatu vyekundu, akacheka,
hakuuliza vya nani, nami nikadeka."

Ukumbi ukalipuka makofi. Nikavuta miguu chini ya benchi. Nilikuwa nimevivaa, nimeving'arisha kwa ajili yake.

"Mama wa huyu fundi wa maneno yuko wapi?" mwalimu akaita. "Aje amkumbatie!"

"Nenda basi, dada, mwanao huyo!" jirani niliyekuja naye akanisukuma.

Nikainama, nikavivua, nikaenda peku.