Goli Lililokuwa Njiani Kwenda Mtoni

Mzee Wendell na mashabiki wenzake walikuwa wameshang'oa goli la chuma la mpira wa Kimarekani katika uwanja wa chuo chao, wanalikimbiza mtoni kama ilivyo desturi yao wakishinda, refa alipowafikia anahema.

"Rudisheni, mabwana. Imebaki sekunde moja, na wageni wanapiga."

Timu yao ilikuwa imefungwa mechi zote kumi zilizotangulia msimu huo. Hii ya mwisho walikuwa mbele kwa pointi moja. Mpira ukipita katikati ya nguzo mbili za juu, wageni wanapata pointi tatu, basi tena.

Watu ishirini wakalisimamisha goli kwa mikono, Wendell akiwa amekumbatia shina, ile nguzo moja ya chini inayobeba zile mbili.

"Shika vizuri, babu," mpigaji wa wageni akamkejeli.

"Piga mpira wewe, acha mdomo."

Akapiga. Mpira ukaja juu, unazunguka, katikati kabisa. Jasho likamtoka Wendell viganjani, chuma kikaanza kuteleza.

Hapo ndipo alipokumbuka kwamba ana kiuno kibovu, akaliachia shina, goli likainama.