Raha ya Milele kwa Klementina

Nilimwambia binti yangu Klementina, mwigizaji aliyeanzia kwenye maigizo ya Noeli kanisani: filamu yako ikinitia aibu, huko Dar hurudi tena.

Tukaketi mbele katika ukumbi wa parokia, kwetu Mnero, amenishika mkono, filamu ikaanza. Kwenye shuka jeupe ukutani akafa kwa homa. Kidole kimoja kilicheza juu ya blanketi, kikatulia.

Nyuma yangu mama mmoja akapiga magoti. "Raha ya milele umpe, ee Bwana!"

Ukumbi mzima ukaitikia: "Na mwanga wa milele umwangazie!" Hata katekista. Hata mimi, na mkono wa Klementina ukiwa wa moto ndani ya wangu.

"Mama," akaninong'oneza, "nirudi Dar, au nibaki?"

"Ubaki wapi wewe? Hapa si tumeshakuombea kama marehemu!"