Viatu Juu ya Mwezi

Kina mama ndio walioanza kutoka kwenye ukumbi wa sinema. Mtoto kwenye picha alikimbia juu ya mwezi na viatu vyake miguuni, na bibi mmoja wa mstari wa mbele akapiga kelele: "Anamkanyaga Mungu Chandra!" Na kweli, kwao mwezi ndio huyo mungu mwenyewe, na nani anamwendea mungu na viatu? Basi bwana, ukumbi mzima ukamwagika barabarani, dengu za kukaanga zikabaki kwenye viti.

Picha ya familia bila kina mama, hiyo imekufa.

Bapat, mwenye ukumbi, alimkuta Shivaram kwenye ngazi na chai iliyokwisha poa. Shivaram ndiye seremala aliyeujenga ule mwezi kwa mbao na plasta, siku hizo hata mtu hajafika huko, na sasa ndiye anayezunguka na mikebe ya filamu mji kwa mji. Kolhapur ulikuwa mji wa mwisho. Kampuni ilishasema: ikishindikana hapo, filamu yenyewe wauziwe watengeneza bangili, wakaiyeyushe wafanyie bangili.

"Kaka yangu," Bapat akasema, "roketi wameipenda. Yule mama anayekimbizana na chapati hewani, wamecheka mpaka machozi. Shida ni kipande kimoja tu. Nipe ruhusa nikikate kwa mkasi, kesho nawarudisha wote na wajukuu wao."

"Hapana."

"Kipande kidogo vile!"

"Kata kingine chochote. Kata roketi."

Bapat akacheka, kisha akaona si utani. "Roketi? Plasta yako ndiyo imekutia kiburi hivyo? Na kale katoto, ka nani kale, hata adabu hakajafunzwa!"

Shivaram akatazama chai yake. Kazi ingeisha, alijua. "Ionyeshe mara moja tu. Nzima. Halafu mwite huyo wa bangili."

"Kichaa wewe. Kichaa kabisa."

Lakini akawasha mashine. Ukumbini hapakuwa na mtu mwingine. Roketi ikapaa, chapati zikaelea, Shivaram hata hakuinua macho. Kilipofika kile kipande akasimama, akasogea mbele mpaka mwanga wa pazia la sinema ukampiga usoni.

"Polepole, Sulu," akasema. "Utaanguka, mwanangu."

Alikuwa amemzika tangu mvua za mwaka jana, na picha nyingine ya huyo mtoto haikuwahi kupigwa.