Mpira Uliovuka Ua

Teilo alikuja kuchukua viatu vyake tu. Asubuhi ile alikuwa ametia saini kuchezea timu ya raga ya kaskazini, huko wachezaji wanakolipwa. Mjini kwao raga ilichezwa bure, na aliyekubali kulipwa hakuruhusiwa tena kukanyaga uwanja, hata kama juzi tu alivaa jezi ya taifa.

Viatu alivikuta vimening'inizwa nje ya lango la uwanja. Ndani, wenzake walikuwa mazoezini.

Ghafla mpira ukaruka ua, ukadunda ovyo barabarani, ukatulia miguuni pake. Kwa mazoea, akainama.

“Usiuguse!”

Alikuwa Idwal, mdogo wake, ameshika ua kwa mikono miwili.

“Kaka, nakuomba. Ukitupigia huo mpira, wakuu wa raga watasema tumecheza nawe. Watatufungia sote.”

“Mpira tu huu, Idwal.”

“Najua.”

Teilo akanyooka. Nyuma ya Idwal timu nzima ilisimama ikimtazama, wala hakuna aliyetoka kuufuata. Akarudi nyuma hatua moja. Barabara ile ilikuwa na mteremko, na mpira ukaanza kubingirika polepole, ukimfuata.