Goti la Neide

Mpira ulibingirika mpaka miguuni pa Neide, ukasimama. Watoto waliokuwa wakicheza katika bonde kavu nje ya Ibra walingoja awarudishie. Neide akarudi nyuma taratibu, akauzunguka kwa mbali kama mtu aliyeona nyoka, akaenda zake.

Watoto wale hawakujua kwamba mke huyu wa Zuhair alikuwa mshambuliaji. Kwao Brazil alianza kucheza wakati sheria ya nchi ikiwakataza wanawake mpira, akifukuzwa viwanjani na polisi. Sheria ilipofutwa, klabu moja ya Rio ikamwahidi jezi namba tisa. Kabla ya mashindano kuanza, mwaka 1983, alikuja Oman kumtazama baba yake, Valdir, kocha wa klabu ndogo ya Ibra. Tiketi yake ya kurudi ilikuwa tayari.

Valdir alijua Kireno tu. Mkalimani wake alikuwa Zuhair, mzaliwa wa Msumbiji, aliyehamia Oman na dada yake Mabruka baada ya uhuru wa kule. Mabruka alikuwa mjane, hana mtoto, na wanawake wa mtaani walikicheka Kiarabu chake. Neide alipofika, Mabruka hakubanduka kwake. Kila alasiri walikaa wakizungumza Kireno, wakicheka kama waliozaliwa tumbo moja.

Wiki ya safari, Neide alikuwa akipigiana mpira na baba yake shambani kwenye mitende. Mguu ukanasa ukingoni mwa falaji, mfereji wa kumwagilia mitende, goti likapinda, likavimba. Wakampeleka Nizwa kwa daktari wa mifupa, Daktari Ghalia, mwanamke wa Unguja aliyesomea Kairo. Wanaume walibaki nje. Mabruka ndiye aliyeingia naye.

Daktari alitazama picha, akalikunja goti, akalinyoosha, kisha akasema na Mabruka kwa Kiswahili. Alisema mengi, akitabasamu, akampigapiga Neide begani. Neide alidhani ni huruma.

"Anasemaje?" aliuliza.

Mabruka aliushika mkono wa Neide. Kisha akamwambia kwamba mshipa wa goti umebaki kama uzi. Kutembea atatembea, lakini akipiga mpira hata mara moja, uzi ule utakatika, na hatasimama tena kwa miguu yake.

Ndani ya gari, Mabruka alilia kuliko yeye.

Tiketi iliisha muda wake. Mkataba wa Valdir ulipomalizika, alimsihi binti yake warudi pamoja. Neide alikataa. Mtaa mzima kwao ulimjua kwa miguu yake, sasa arudi na nini? Alivitia viatu vyake vya mpira katika tanuri la mikate, akasimama pale mpaka vikawa majivu. Zuhair, mtu mpole, alipomposa, alikubali kwa kuwa hakuona sababu ya kukataa. Alisilimu, akajifunza kupika, na Mabruka akamfundisha Kiswahili neno kwa neno, mpaka watu wakasema anazungumza kama mtoto wa pwani.

Goti lilikuwa limeacha kuuma zamani, na hilo ndilo lililomtesa zaidi. Asubuhi nyingine akitoka uani alihisi miguu inataka kukimbia yenyewe. Ndipo akaukumbuka ule uzi, akashika ukuta.

Mwaka 1988 baba yake alipiga simu. Timu ya wanawake ya Brazil ilikuwa imekwenda China kucheza na mataifa mengine. Valdir alitaja majina ya aliocheza nao, mmoja baada ya mmoja. Miongoni mwao alikuwamo msichana aliyekuwa akikaa benchi kungoja Neide achoke.

Neide alirudisha simu mahali pake, akaenda kulala. Hakula siku ile wala ya pili. Zuhair alimbembeleza, akashindwa, akamwita dada yake.

"Bora wangelikata kabisa, wifi," Neide alimwambia Mabruka. "Kuliko kuniachia mguu nisioweza kuutumia."

Mabruka alipiga magoti, akalisugua goti lile kwa mafuta ya habasoda. Alimwomba asiseme hivyo tena, akamwambia hapa ana watu wanaompenda, na yeye Mabruka hangeweza kuishi bila yake.

Mwaka uliofuata Mabruka aliteleza ngazini, akavunjika nyonga. Spitali ya Ibra walisema apelekwe Nizwa. Mabruka aliishika kanzu ya kaka yake, uso umelowa jasho.

"Nipelekeni Maskati," alisema. "Nizwa siendi."

Walidhani maumivu yamempanda kichwani. Neide alipanda nyuma ya gari, akakilaza kichwa cha wifi yake mapajani, na njia nzima alimwambia asiogope, hatamwacha peke yake hata kidogo.

Daktari Ghalia alikuwa ameota mvi. Alipoingia chumbani, Mabruka alijivutia shuka usoni.

"Shikamoo, daktari," Neide alisema.

"Marahaba." Daktari alimtazama, akamtazama tena. "Wewe si yule msichana wa Brazil? Na Kiswahili umekijua?"

"Amenifundisha wifi yangu huyu."

"Basi leo nitakuuliza mwenyewe, bila ya mkalimani," alisema daktari, amefurahi kweli. "Unachezea timu gani siku hizi? Maana goti lako lilikuwa limeteguka tu, halikukatika kitu. Si nilikwambia kabla ya Idi utakuwa unakimbia?"