Kati ya Mi na Fa

“Binti yako unamfundisha kuimba wewe, je, wewe ulifundishwa na nani?” jirani aliwahi kuniuliza.

“Na Mungu,” nikamjibu, tukacheka.

Leo nilimpeleka kwenye majaribio ya kwaya ya kanisa, iliyobakiwa na nafasi moja. Binti yangu akapanda ngazi ya do re mi vizuri, kisha kwenye fa akaruka juu mno, vilevile nilivyomzoesha jikoni.

Mwalimu wa kwaya akaweka kidole kwenye kinanda. “Tazama, kati ya vitufe hivi viwili vyeupe hakuna cheusi. Kutoka mi kwenda fa ni hatua fupi. Nani alikufundisha kuruka hivyo?”

“Nilijifundisha mwenyewe,” binti akajibu.

Mwalimu akanigeukia. “Ni kweli, mama?”

Nikainamia Biblia yangu kama ninayesoma. Binti akachukua mkoba wake, akanipita, akatoka.