Kofia ya Tai

Mwanahija alitaka kofia ya mwanawe ishonwe jina la marehemu baba yake yeye mwenyewe, Tai. Kesho mtoto angetimiza siku arobaini na kupewa jina hilo mbele ya ndugu.

"Kwa nini babu yake aliitwa Tai?" aliuliza mshona kofia, bibi mgeni mjini.

"Kwa macho yake makali, bibi. Mwenyewe alituambia."

"Alikuwa akiuza chumvi? Alikuwa na kovu shingoni?"

"Kumbe ulimjua!"

Sindano ilisimama.

"Jina hilo tulimpa sisi, kule kwetu. Tulikuwa tunaanika mpunga, mchana kweupe. Akapita na chumvi yake, akamnyakua mtoto wa dada yangu mkekani kama tai anavyonyakua mwanambuzi. Yeye akakimbia, jina likamfuata."

"Mtoto gani?"

"Wa kike. Alizaliwa na vidole sita mguu wa kushoto."

Mwanahija aliuvuta mguu wake wa kushoto ndani ya kanga, polepole, lakini bibi alikuwa ameshauona. Kwenye kofia, herufi mbili zilikuwa tayari. Bibi hakuendelea kushona, wala hakufumua.